Kasa hulala chini ya maji, mbona wavuni hufa maji?

Kasa anayelala chini ya mwamba wa tumbawe saa nzima bila kupumua ndiye huyohuyo anayetolewa kwenye wavu wa jarife akiwa amekufa maji kabla saa hiyo haijatimia. Watu wa pwani wameyaona yote mawili, na wengi wamejitafutia maelezo: ati akilala hupumua maji, ati ana matamvua yaliyofichwa shingoni, ati hupumulia nyuma. Hili la mwisho lina ukweli kwa jamaa zake wachache wa mitoni, tutalifikia. Kwa kasa wa bahari yetu, yaani kasa wa kawaida, ng'amba, duvi, kigome na noa, hakuna hata moja lililo sahihi. Wote watano wana mapafu, wanavuta hewa hii tunayovuta sisi, na wakizuiwa kufika juu wanakufa.

Tofauti ya usingizi na wavu ni matumizi ya hewa. Basi tuanze na jinsi hewa inavyoingia, kwa sababu hapo ndipo kobe na kasa wanapoachana na wanyama wengine wote wenye mapafu.

Kifua kisichopanuka

Weka mkono ubavuni uvute pumzi: mbavu zinapanda, kifua kinapanuka. Kobe hawezi kufanya hivyo. Mbavu zake zimeungana na uti wa mgongo zikawa gamba lenyewe, na gamba halitanuki. (Noa ni wa peke yake, mgongo wake ni ngozi nene juu ya vipande vidogo vya mfupa.) Mapafu yako juu kabisa, yameshikamana na dari ya gamba, moja kila upande wa uti wa mgongo. Chini yake ndiko kuna ini, tumbo na utumbo.

Kazi ya kupumua imebaki kwa misuli ya tumbo, iliyo karibu na matundu ya miguu ya nyuma, ikisaidiwa na mabega. Msuli mmoja ukijikaza huvuta ngozi ya kinena kuelekea nje, nafasi ya ndani inaongezeka, hewa inaingia. Mwingine umeyakumbatia matumbo. Ukijikaza unayasukuma juu dhidi ya mapafu, hewa inatoka. Ni mvukuto wa mhunzi ambao ubao wa juu umepigiliwa misumari, wa chini tu ndio unaocheza.

Utaratibu huu ni wa kale kuliko gamba lenyewe. Katika Karoo, Afrika Kusini, yamepatikana mabaki ya mnyama aitwaye Eunotosaurus, aliyeishi miaka milioni 260 hivi iliyopita. Hakuwa na gamba, ila mbavu zake zilikuwa zimepanuka na kukakamaa. Watafiti waliochunguza mifupa hiyo walieleza mwaka 2014 kwamba misuli ya tumbo ilikuwa tayari imeshika kazi ya kupumua, na mbavu zikaachiwa kazi nyingine. Gamba kamili lilikuja baadaye sana.

Ukiwa na kobe uani unaweza kuyaona haya kwa macho. Tazama ngozi laini kwenye mapaja ya nyuma na pembeni mwa shingo: inaingia na kutoka polepole. Hiyo ndiyo pumzi. Koo linalochezacheza chini ya kidevu si pumzi. Kobe hulitumia kupitisha hewa puani ili anuse, kwa hiyo likicheza haraka haimaanishi kwamba amekosa hewa.

Na ule mlio wa "hsss" unapomshika ghafla? Wengi husema amekasirika. Ukweli ni kwamba kichwa na miguu vikirudi ndani ya gamba vinahitaji nafasi, na nafasi pekee iliyopo ni ile ya mapafu. Hewa inasukumwa nje kwa nguvu, inapita kwenye koo jembamba, inalia. Akijifunga kabisa ndani hawezi kuvuta pumzi ya maana mpaka alegeze miguu. Watoto wanaopenda kumgongagonga kobe ili abaki amejificha wanamnyima hewa, ingawa anaweza kuvumilia muda mrefu.

Kobe pia hapumui kwa mfululizo kama sisi. Huvuta pumzi kadhaa, kisha hutulia dakika nzima au zaidi, hasa asubuhi ya baridi. Kabla hujamchimbia kaburi, gusa taratibu pembe ya jicho lake na uvute mguu kidogo. Akiuvuta mguu, au jicho likifumba, bado yupo.

Hesabu ya hewa baharini

Kasa akifika juu hutoa kichwa, hupiga pumzi moja ya nguvu, huvuta nyingine, na yote hayo huisha kwa sekunde moja au mbili. Njia zake za hewa ni pana na zimeimarishwa kwa gegedu hadi ndani ya mapafu, hivyo hazijibani anapotoa pumzi kwa kasi. Kila pumzi hubadilisha sehemu kubwa ya hewa iliyomo. Sisi tukipumua kwa utulivu hubadilisha sehemu ndogo tu, nyingine hubaki humohumo.

Akiwa anakula majani ya bahari au anaogelea, hurudi juu kila baada ya dakika chache hadi nusu saa. Akilala, muda unarefuka. Katika maji ya joto kama ya Mafia, Misali au Watamu, mzamio wa usingizi huwa nusu saa hadi saa moja hivi, na baadhi hupita hapo. Utasoma kwingine kwamba kasa hulala saa tano au saba bila kupumua. Si uongo, lakini rekodi hizo ndefu hutoka kwenye maji baridi. Duvi mmoja katika bahari ya Mediterania alipimwa wakati wa majira ya baridi akikaa chini saa 10 na ushei kwa mzamio mmoja. Ukichukua takwimu hiyo ukaipeleka kwenye maji ya nyuzi 28 ya Bahari ya Hindi, utampa mvuvi wako tumaini la uongo.

Sababu ni damu yake. Kasa hana joto la mwili la kudumu kama mamalia. Ukimtoa noa, joto la kasa hufuata maji. Maji yakipoa kwa nyuzi 10, mwili hutumia oksijeni nusu au hata theluthi ya ile ya mwanzo. Juu ya hapo, akitulia moyo hupunguza mapigo, na kwa kuwa chumba cha chini cha moyo wa kasa hakijagawanyika kabisa, anaweza kuipitisha damu bila kuipeleka yote kwenye mapafu, akaipeleka tena anapohitaji. Oksijeni inatumika kidogokidogo.

Kwa kasa wa kawaida, ng'amba na duvi, ghala kuu la oksijeni ni mapafu yenyewe. Noa ni tofauti: huzama zaidi ya mita 1,200, ambako shinikizo la maji hufinya mapafu kabisa, kwa hiyo oksijeni yake nyingi huibeba ndani ya damu na misuli. Lakini noa ni mpita njia kwetu, tumwache aende.

Sasa, mapafu yakiwa ghala, yanakuwa pia boya. Hapa ndipo usingizi wa kasa unapokuwa hesabu ya kweli. Akijaza hewa nyingi atalala muda mrefu, lakini hewa hiyo inamvuta juu. Kila mita 10 za kina huongeza shinikizo sawa na lile la anga nzima: mita 10 chini, hewa ya mapafu imefinywa hadi nusu ya ujazo wake, mita 20, theluthi. Kwa kasa wa kawaida aliyejaza mapafu, kina ambacho hapandi wala hazami ni kama mita 18 hadi 20. Hapo anaweza kulala juu ya mchanga bila kushikilia chochote.

Kwenye maji mafupi ya ndani ya mwamba, mita tatu au nne, mapafu yaliyojaa yangemwelesha juu. Ana njia mbili. Ya kwanza ni kuvuta hewa pungufu, na hapo atalazimika kuamka mapema. Ya pili ni kujibana: anaingiza mwili chini ya ukingo wa tumbawe, mgongo unagusa dari, na mwamba unamzuia kupanda. Ndiyo maana unamkuta kasa amechomeka kichwa kwenye pango, sehemu ya nyuma ikiwa nje. Ng'amba hupenda nyufa za miamba kuliko wote, na mara nyingi hurudi kwenye ufa uleule usiku baada ya usiku. Waongozaji wa wazamiaji wanazijua nyufa hizo, na hilo lina faida na hasara yake.

Hasara ni kwamba kasa aliyeamshwa kwa ghafla huondoka kwa kasi, na kasi hiyo inakula oksijeni aliyokuwa ameiwekea usingizi. Wazamiaji wakae umbali wa mita tatu au zaidi, wasimmulike tochi usoni, na wasikae juu yake kati ya mwamba na uso wa maji. Akianza kupanda, apewe njia. Akishafika juu mwacheni avute pumzi zake kadhaa. Kumfuata na boti baada ya pumzi ya kwanza ndiko kunakomlazimisha azame na ghala tupu.

Watoto waliotoka kiotani hawana uwezo wa haya yote. Ni wepesi mno kuzama na ghala lao ni dogo, hivyo hulala wakielea juu ya maji, mapezi ya mbele wameyakunja nyuma juu ya gamba. Mtoto wa kasa anayeelea hivyo na kutulia si mgonjwa.

Kasa mkubwa anayeelea siku nzima, sehemu ya nyuma ikiwa juu kuliko kichwa, huyo ni mgonjwa. Mara nyingi ni gesi tumboni, na mara nyingi chanzo ni plastiki iliyoziba utumbo. Hawezi kuzama kula, hawezi kuzama kulala, na mgongo unachomwa na jua. Kumsukuma chini hakusaidii. Anahitaji kupelekwa kwa wataalamu, kama kituo cha kutibu kasa kilichopo Watamu.

Je, kweli huo ni usingizi au ni kupumzika tu? Kwa mienendo, ni usingizi: macho yamefumba, shingo imelegea, na inachukua kichocheo kikubwa zaidi kumwamsha. Mawimbi ya ubongo wa kobe na kasa hayafanani vizuri na ya mamalia, kwa hiyo habari za kasa kuota ndoto tuziache kwa wasimuliaji.

Wa mitoni na mabwawani

Ndugu wa maji baridi wana mbinu nyingine. Kobe wa maji wa Afrika Mashariki, wale wanaokunja shingo kwa upande na kuonekana Ruaha au Mikumi wakiota jua juu ya migongo ya viboko, hulala kwenye tope la kina kifupi ambako pua inafika juu bila safari ndefu. Bwawa likikauka, baadhi yao hujizika kwenye tope na kupunguza shughuli zote za mwili hadi mvua irudi. Anayelima karibu na mabwawa ya msimu anaweza kumfukua mmoja akadhani ni jiwe.

Kobe wa gamba laini wa Mto Nile, anayeishi pia katika Ziwa Turkana na Ziwa Albert, anaweza kweli kunyonya oksijeni kutoka kwenye maji, kupitia ngozi na utando wa koo ambao hupitishia maji ndani na nje. Hata yeye haachi mapafu. Pua yake ni ndefu na nyembamba, hutoa ncha tu juu ya maji akavuta hewa huku mwili ukiwa umefichwa mchangani.

Na wale wa kupumulia nyuma? Wapo. Mto Fitzroy wa Queensland, Australia, una kobe mwenye vifuko viwili vikubwa ndani ya kloaka, yaani tundu moja linalotumika kwa haja zote na uzazi. Hupampu maji humo, na vifuko hivyo vyenye mishipa mingi ya damu vinaweza kumpatia hadi asilimia 70 ya oksijeni anayohitaji. Inafanya kazi kwa sababu ni mnyama mdogo kwenye mto wenye maji yanayokimbia. Kasa wa kilo 100 kwenye bahari ya joto asingetosheka na njia hiyo.

Aliyetushangaza kuliko wote ni kobe wa Amerika Kaskazini mwenye michirizi ya rangi shingoni, anayejulikana kwa jina la kisayansi Chrysemys picta. Wasomaji wetu wa Minnesota au Ontario huenda wamemwona kiangazi akiota jua juu ya gogo. Majira ya baridi bwawa huganda juu yake naye hubaki chini kwa miezi. Katika maabara, kwenye maji ya nyuzi 3 yasiyo na oksijeni kabisa, wameishi zaidi ya siku 100. Mwili bila oksijeni hutengeneza asidi ya laktiki, ileile inayowaka kwenye misuli yetu tukikimbia. Huyu huiua makali kwa madini ya chokaa anayoyatoa kwenye gamba lake, na sehemu kubwa ya asidi huenda kuhifadhiwa ndani ya gamba na mifupa mpaka barafu iyeyuke. Wakubwa wa bahari ya joto hawana anasa hiyo, na asidi hii ndiyo itakayoturudisha kwenye wavu.

Nchi kavu

Kasa jike anapopanda ufukweni kutaga, mwili uliobebwa na maji maisha yote unakutana na uzito wake wenyewe. Vipimo vilivyofanywa kwa kasa wa kawaida vilionyesha kwamba anapotambaa hapumui kabisa. Mapezi na mabega yanafanya kazi ya kusukuma mwili, na hayawezi kusaidia pumzi wakati huohuo. Anajivuta hatua chache, anasimama, anainua kichwa, anavuta hewa, kisha anaendelea. Watazamaji pale Ras al-Jinz nchini Oman, au Kisiwa cha Juani kule Mafia, huona mapumziko hayo wakadhani amechoka na anahitaji msaada. Hahitaji. Anayekwenda kumsukuma anamkatiza pumzi. Kaa nyuma yake, zima taa, ngoja.

Mayai yake nayo yanapumua, jambo linalosahaulika. Akiwa bado tumboni, kiini kimesimama kukua kwa sababu mirija ya mayai haina oksijeni ya kutosha. Yakishatagwa mchangani, hewa inapita kwenye kaka, ukuaji unaendelea, na baada ya saa chache kiinitete kinajishika kwenye utando wa ndani, upande wa juu. Yai likigeuzwa baada ya hapo, kinachanika na kufa. Kiota kilicho chini ya mstari wa bamvua kihamishwe ndani ya saa mbili za mwanzo na watu waliofunzwa, mayai yakibebwa bila kugeuzwa. Ukichelewa, ni afadhali kukiacha na kukilinda, ingawa maji yakikifunika kwa muda mrefu mayai hufa kwa kukosa hewa.

Kobe wa nchi kavu kwa usingizi hana mambo mengi. Hurudi jioni mahali palepale, chini ya kichaka au kwenye pembe ya ukuta, akalala mpaka jua limpashe. Wale wakubwa wa Changuu, Zanzibar, ambao ukoo wao ulianza na wanne waliotolewa zawadi na gavana wa Ushelisheli mwaka 1919, hulala pia mchana wa jua kali kivulini, shingo imenyooshwa chini na miguu imetawanyika. Mgeni asiogope. Kobe anayelala amejinyoosha ana amani na hewa yake inapita vizuri.

Yule kobe bapa wa kwenye nyufa za mawe, wa Kenya na Tanzania, alisifiwa kwa muda mrefu kwamba akiingia ufa hujaza mapafu akavimba ili asivutwe. Alipopimwa ilibainika havimbi. Hujikaza kwa miguu tu, akisukuma gamba lake jepesi dhidi ya jiwe. Bado kuna wanaosimulia habari ya kuvimba, na inaelekea itaishi kuliko sahihisho lake.

Wafugaji wayajue machache. Kobe wa nchi kavu haogelei. Akiwekwa kwenye maji marefu anazama na kufa. Kila mara kuna mtu mwenye huruma anayemwokota kobe karibu na ufuo akamrudisha "nyumbani" baharini. Tazama miguu: mapezi bapa ni ya kasa, miguu minene yenye kucha kama nguzo ni ya kobe. Kumwogesha, maji yafike ukingo wa chini wa gamba tu. Kobe wa maji anayeelea akiwa ameinamia upande mmoja huenda pafu moja limejaa majimaji kwa nimonia, na akiwa na mapovu puani au anapumua kwa kuachama hakuna cha kusubiri, apelekwe kwa daktari wa mifugo. Maji baridi na sehemu ya kuota jua isiyo na joto la kutosha ndivyo visababishi vya kawaida.

Kobe aliyepinduka chali ana shida ya haraka zaidi. Mapafu sasa yako chini na matumbo yote yameyakalia. Juani anaweza kufa kwa saa chache. Mgeuze taratibu kwa ubavu, usimrushe.

Wavuni

Rudi sasa kwenye jarife. Limetegwa jioni, limezamishwa kwa mawe, matundu yake makubwa ni kwa ajili ya papa na taa. Kasa anaingia, pezi linanaswa, anaanza kupambana. Oksijeni ambayo ingemtosha saa nzima ya usingizi inaisha kwa sehemu ndogo ya muda huo, misuli inaendelea bila oksijeni, asidi ya laktiki inajaa kwenye damu. Kisha anazimia, na maji huweza kuingia mapafuni.

Marekani imeweka hesabu hii kwenye kanuni. Kwa baadhi ya meli za kuvua kamba zisizofunga chekeche la kuwatoa kasa, muda wa kuvuta wavu umewekewa ukomo: dakika 55 kuanzia Aprili hadi Oktoba, dakika 75 kuanzia Novemba hadi Machi. Dakika 20 za ziada ni za maji baridi. Kwetu hakuna miezi ya baridi ya namna hiyo.

Wavu unaofika juu ya maji unampa nafasi ya kupumua hata akiwa amenaswa. Uliozamishwa chini haumpi. Ndiyo sababu mitego ya uzio na wando mara nyingi hutoa kasa hai. Na kasa aliyeponyoka akiwa hoi si mzima: kusafisha asidi ile kwaweza kuchukua hadi saa 20. Akinaswa tena usiku uleule, anaanza akiwa na deni.

Ukimtoa hatingishiki, usimhesabu maiti mpaka mwili ukakamae au uanze kuoza. Mnyanyue kwa gamba, mbele nyuma ya shingo na nyuma juu ya mkia, kamwe si kwa mapezi. Mlaze kifudifudi, uso chini, na uinue sehemu ya nyuma angalau sentimita 15 kwa tairi, boya au wavu uliokunjwa, zaidi kama ni mkubwa. Maji yatashuka kutoka mapafuni na kutokea mdomoni. Mweke kivulini, mfunike gamba na mapezi kwa kitambaa chenye maji, pua ibaki wazi. Kila baada ya muda mtingishe kwa upole, ukiinua ukingo wa kushoto wa gamba sentimita nane hivi, kisha wa kulia. Mara mojamoja gusa kope au finya mkia uone kama anaitika. Subiri. Kanuni hizo za Marekani zinasema saa 4 hadi 24, na wapo wanaozinduka kukiwa karibu kukucha.

Makosa mawili yanaua zaidi ya mengine. La kwanza ni kumlaza chali na kumbonyeza gamba la tumbo kama unavyofanya kwa mtu aliyezama. Gamba hilo ni mfupa, halibonyei, na mapafu yako upande wa pili, tayari yamelaliwa na matumbo. La pili ni kummwagia maji kichwani au kumtia kwenye pipa "apate nguvu". Aliyezimia hana uwezo wa kufunga koo, kwa hiyo unamzamisha mara ya pili ndani ya mashua yako.

Hata aliyechangamka mara tu baada ya kutolewa haaminiki sana. Watafiti wa Valencia, Hispania, walionyesha mwaka 2014 kwamba duvi waliopandishwa na nyavu kutoka kina kirefu wanapata ugonjwa wa mzamiaji: mapovu ya gesi ndani ya damu na viungo. Anayezama mwenyewe hudhibiti damu inayopita mapafuni. Aliyenaswa na kuhangaika hawezi. Kasa huyo anaweza kuogelea vizuri leo na kufa siku zinazofuata. Kama amevuliwa kutoka kina kirefu na kuna kituo cha kutibu kasa kinachofikika, apelekwe huko badala ya kuachiwa papo hapo.

Wa kuachiwa, aachiwe injini ikiwa haina gia, upande wa shetri, nyavu zote zikiwa zimepandishwa, mahali pasipo na wavu wa mwenzako. Mshushe taratibu, kichwa kikitangulia, na usiondoke mpaka umwone amezama na kurudi juu kuvuta pumzi mwenyewe. Kama pezi lina kibati chenye namba, iandike pamoja na mahali na tarehe, uipeleke kwa ofisa uvuvi. Akiwa amekufa, kibati bado kina thamani.